Butoni tatu zisizoandikwa ku ekrani: namna ya kufuta mchezo wa Pokémon, na mambo ya kujua mbele ya kufanya vile

Fungua mchezo wa Pokémon wa zamani, ule wa Game Boy, kisha utafute mahali pa kufuta mchezo uliohifadhiwa. Hautapaona. Kuko mahali pa kuendelea, kuko mahali pa kuanza mchezo mpya, kuko mahali pa kubadilisha mwendo wa maandishi, basi. Mtoto anayetaka kutupa yote na kuanza upya anazunguka menyu nzima na anatoka mikono mitupu.

Watengenezaji hawakusahau. Njia iko, lakini waliificha. Ukiwa bado ku ekrani ya kwanza, ile yenye jina la mchezo kwa maandishi makubwa, unafinya butoni tatu mara moja: mshale wa juu, Select na B. Hapo mchezo unakuuliza kama kweli unataka kufuta yote iliyohifadhiwa. Na kuko kitu kidogo ambacho wengi hawakioni. Kwa maswali karibu yote ya mchezo ule, jibu la "ndiyo" ndilo linakaa juu, na mtu mwenye haraka anafinya A bila kusoma. Kwa swali hili moja walipindua: "hapana" iko juu, "ndiyo" iko chini. Mwenye kufinya A ovyo ovyo hapotezi kitu.

Lakini ukishuka na kujibu ndiyo, imekwisha. Mashini inapita mu kumbukumbu yote ya kaseti na kujaza kila nafasi na alama moja ileile, kama mtu anayepaka chokaa ku ukuta mzima ili maandishi yasionekane tena. Hakuna kapu la takataka kama lile la telefone, ambamo picha uliyofuta inakungojea siku fulani. Hakuna fundi wa kuirudisha.

Juu ya hiyo tumeona ni vizuri kueleza jambo hili polepole. Mashini hizi bado zinapita mikono kwa mikono: ndugu wa Ulaya au wa Canada anatuma moja mu mzigo, nyingine inauzwa ku soko kama okazioni, na mara mingi watoto watatu wanne wa nyumba moja wanachangia kaseti moja. Kumbe kaseti ile iko na nafasi ya mtu mmoja tu.

Kwa nini nafasi moja

Game Boy ilitoka Japani mwaka 1989, kazi ya kampuni ya Nintendo. Pokémon ilikuja baadaye, tarehe 27 Februari 1996, na kaseti mbili, Nyekundu na Kijani, zilizotengenezwa na studio ya Game Freak ya bwana Satoshi Tajiri. Ulaya waliipata mwaka 1999 ikiitwa Rouge na Bleu, na wanyama wake wakapewa majina ya Kifaransa: Bulbizarre, Salamèche, Carapuce. Wasomaji wetu wenye kujua Pokémon wanazijua zaidi kwa majina hayo, kwa hiyo tutayatumia.

Ndani ya kaseti muko vitu viwili tofauti. Cha kwanza ni mchezo wenyewe: miji, muziki, picha, maneno. Kile kilichapwa kiwandani na hakibadiliki, hata ucheze miaka kumi. Cha pili ni kumbukumbu ndogo ya kuandika na kufuta, na ndiyo inayobeba safari yako wewe: jina lako, pesa, medali, milango uliyofungua, wanyama uliokamata. Kumbukumbu ya namna ile inasahau yote mara tu umeme unapokatika. Ili isisahau, walichomelea pembeni yake batri ya duara, ndogo kama ya saa ya mkono, inayoilisha usiku na mchana hata wakati kaseti imelala mu droo.

Na ukubwa wake? Kilobaiti 32. Picha moja unayopiga leo na telefone ya kawaida inapita hapo zaidi ya mara mia moja. Mu kilobaiti hizo walipaswa kupanga masanduku 12, kila sanduku wanyama 20, jumla wanyama 240, kila mmoja na jina lake, nguvu zake, na jina la mtu aliyemkamata. Masanduku peke yake yanakula karibu kilobaiti 13. Piga hesabu ya watoto wawili, kila mmoja na masanduku yake na vingine vyote, utaona nafasi haienei.

Mbele ya batri kuingia mu kaseti, mambo yalikuwa magumu zaidi. Mu mchezo wa Metroid wa mwaka 1986, kaseti zilizouzwa Amerika na Ulaya hazikuhifadhi kitu chochote. Ukichoka, mchezo ulikupa mstari wa herufi 24, unauandika ku karatasi, na kesho unaurudisha herufi kwa herufi. Ukikosea moja, mlango haufunguki. Mtu aliyepoteza karatasi alianza upya, apende asipende. Mwaka 1987 ndipo kaseti ya The Legend of Zelda iliingia Amerika na batri ndani, na nafasi tatu kwa watu watatu. Angalia tofauti: mu Zelda, mahali pa kufuta pako wazi ku ekrani ya kwanza, kila mtu anapaona, juu kufuta mchezo mmoja kunaacha mingine miwili salama. Mu Pokémon, kufuta ni kufuta nyumba yote. Tunaona ni hiyo iliwafanya wafiche zile butoni: siyo siri ya mafundi, ni kufuli.

Jambo ambalo hatulielewi vizuri ni kwamba kufuli lilibaki hata wakati kumbukumbu ilipanuka mara maelfu. Michezo ya Pokémon iliyokuja miaka ishirini baadaye bado ilimpa kila mchezaji nafasi moja. Wenye kutetea wanasema mchezo ule unataka kila mtu awe na safari yake moja na abadilishane wanyama na wenzake. Inaweza kuwa kweli. Pia ni kweli kwamba familia yenye watoto wawili inalazimika kununua kaseti mbili, na kampuni hailii juu ya hiyo.

"Mchezo mpya" haifuti kitu, mpaka uhifadhi

Hapa ndipo vilio vingi vya nyumbani vinapoanzia, na ndipo habari njema iko.

Tuseme mdogo amechukua mashini ya yaya wake. Anaona "endelea" na "mchezo mpya". Anachagua mchezo mpya, anapewa Salamèche, anacheza saa nzima. Yaya anarudi kutoka masomo, anaona mtoto iko mu mji wa kwanza na mnyama mmoja, na kelele inaanza. Mbele ya kugombana: zima mashini bila kuhifadhi. Washa tena. Mchezo wa yaya utakuwa palepale. Kuchagua mchezo mpya hakugusi kumbukumbu ya zamani. Kunacheza tu pembeni, mu kumbukumbu ya mashini yenyewe. Kinachoua mchezo wa zamani ni kuhifadhi mpya juu yake.

Shida ni kwamba kuhifadhi kuko na milango zaidi ya mmoja. Wa kwanza unajulikana: unafungua menyu na Start, unachagua kuhifadhi. Mchezo wa Rouge na Bleu utakuambia kwamba mchezo wa zamani utafutwa, unakubali? Mtoto asiyesoma Kifaransa vizuri anafinya A, na hapa, tofauti na ile ekrani ya butoni tatu, "ndiyo" iko juu. Mlango wa pili: ukibadilisha sanduku la wanyama ku ordinateri ya ndani ya mchezo, unahifadhi pia. Wa tatu: ukitaka kubadilishana wanyama na mwenzako kwa waya, mtumishi wa kaunta anahifadhi mchezo mbele ya kukufungulia. Milango yote inauliza. Hakuna unaoingia kimya. Lakini swali lisilosomwa ni sawa na swali lisiloulizwa.

Kaseti zilizofuata zilizidisha ulinzi. Mu Rubis na Saphir, za Game Boy Advance, onyo limekuwa refu na kali: ukihifadhi sasa, safari ile nyingine, vitu vyake na wanyama wake, vyote vinapotea. Mu Diamant na Perle, zilizotoka Japani mwaka 2006 kwa Nintendo DS, walichoka na maonyo. Mchezo unakataa kabisa kuhifadhi juu ya mchezo wa mtu mwingine. Unaweza kuanza upya na kucheza siku nzima, lakini hautaweza kuhifadhi hata hatua moja mpaka urudi ku ekrani ya kwanza na kufanya zile butoni tatu kwa makusudi. Kwa mtoto wa pili ni uchungu, siku yake yote imepotea. Kwa yaya ni wokovu.

Butoni zenyewe zilibaki zilezile miaka mingi: mshale wa juu, Select, B. Kwa Nintendo 3DS, kuanzia X na Y za mwaka 2013, X ilichukua nafasi ya Select: mshale wa juu, X, B.

Usichanganye na butoni nne. Ukifinya A, B, Start na Select pamoja katikati ya mchezo wa Game Boy, mashini inarudi ku mwanzo kama vile umeizima na kuiwasha. Hiyo haifuti kilichohifadhiwa. Unapoteza tu ulichocheza tangu mara ya mwisho ulipohifadhi. Wachezaji wanaitumia kila siku wakishindwa vita.

Soma jina

Kuko kisanduku kidogo ambacho watu wanakipita haraka. Ukichagua "endelea", mbele ya kukuingiza, mchezo unakuonyesha mistari minne: jina la mchezaji, medali ngapi, aina ngapi za wanyama amepata, na saa ngapi amecheza. Kama umepewa kaseti na unataka kuanza upya, simama hapo. Jina siyo lako, medali nane, saa 140: mtu aliishi humo. Kama unajua mwenyewe ni nani, binamu au mtoto wa mjomba, muulize kwanza. Wengine watacheka na kusema futa. Wengine watanyamaza kidogo ku telefone.

Kwa sababu si yote yanaweza kuchezwa tena. Medali zinapatikana tena, pesa zinapatikana tena. Mnyama uliyemlea tangu mwanzo utapata mwingine wa aina yake, lakini siyo yeye. Halafu kuko wanyama ambao mchezo wenyewe hauwatoi hata kidogo. Mfano unaojulikana ni Mew, namba 151. Hakukuwa njia ya kawaida ya kumkamata. Mwaka 1996 jarida la watoto la Japani, CoroCoro Comic, lilitangaza kwamba litawapa watu 20 tu mnyama huyo mu kaseti zao. Maombi yalipita 78,000. Mmoja wa wale 20 akifuta kaseti yake, hata acheze miaka mia, Mew yule harudi.

Kama unataka kuanza upya lakini kuko wachache unaowapenda, unaweza kuwahamisha mbele ya kufuta. Kwa kaseti za Game Boy, inaombwa mashini mbili, kaseti mbili, na waya wa kuziunganisha. Mnyama anaenda upande wa pili, na upande wa pili unatoa mmoja, kichwa kwa kichwa. Kwa hiyo mwenzako anapaswa kuwa na wanyama wa bure wa kukupa, hata panya wa njiani. Ukishafuta na kuanza tena, unawaita warudi. Ni kazi ya mchana mzima, na watu walifanya.

Wale wa Rubis na Saphir waliweza kupanda hadi Diamant na Perle kwa kuchomeka kaseti mbili pamoja mu DS ya zamani, ile yenye mdomo wa kaseti za Game Boy Advance, lakini ni safari ya kwenda bila kurudi. Kwa mashini za sasa kuko ghala la ku intaneti, Pokémon HOME, lililofunguliwa mu Februari 2020: unaweka wanyama huko, unafuta mchezo, wao wanabaki. Kwa wenye 3DS, mlango umefungwa nusu. Ghala lake liliitwa Pokémon Bank, na duka la ku intaneti la 3DS liliacha kuuza tarehe 27 Machi 2023. Asiyekuwa amelichukua mbele ya siku ile hawezi kulichukua tena. Na wale wa kaseti za mwanzo, Rouge, Bleu, Or, Argent, hawana daraja rasmi kabisa. Watakufa na kaseti yao.

Pokémon siyo peke yake. Mu Animal Crossing: New Horizons, mchezo wa Nintendo Switch wa mwaka 2020, mashini moja inakubali kisiwa kimoja tu, hata kama watu wa nyumba ni sita. Kila mmoja anajenga nyumba yake humo, anapanda maua yake, lakini kisiwa ni kimoja, na mtu wa kwanza kufungua mchezo ndiye mkubwa wake. Wengine wanaweza kuondoka mmoja mmoja. Yule wa kwanza hawezi kuondoka peke yake: akitaka kuanza upya, kisiwa chote kinafutwa, pamoja na nyumba za wadogo zake. Hapo si suala la butoni tena, ni mkutano wa familia.

Kwa nini mtu afute kwa kupenda

Mtu mzima ataona ni ujinga: umefanya kazi saa mia, kisha unaitupa mwenyewe. Lakini mchezo wa namna hii unatoa uchaguzi mkubwa ku mwanzo, dakika tano za kwanza, na haukuruhusu kurudi. Aliyechukua Salamèche aliteseka mbele ya bosi wa kwanza mwenye wanyama wa mawe. Aliyechukua Bulbizarre alipita akicheka. Ukitaka kujua njia ile nyingine ilikuwaje, hakuna mlango mwingine ila kuanza upya. Na ukimaliza yote, ukishakamata wote, mji unabaki kimya. Hakuna tena mtu mpya wa kupigana naye.

Kuko pia wenye kufuta ili kujipa shida. Mwaka 2010 kijana mmoja Mmarekani alichora katuni kuhusu safari yake mu Rubis akifuata sheria alizojiwekea: mnyama akianguka vitani, amekufa, hautumii tena, na mu kila eneo unaruhusiwa kukamata yule wa kwanza tu unayemkuta. Namna hiyo ilipewa jina Nuzlocke na ikaenea dunia nzima. Ukipoteza wote, unaanza tangu mwanzo. Mchezo wa watoto wa miaka saba unakuwa wa kutoa jasho. Wengine wanashindana kumaliza kwa muda mfupi, na kila jaribio lao linaanza kutoka mchezo mpya.

Mchezo uliokataa kufutwa

Mwaka 2011 kampuni ya Capcom ya Japani ilitoa mchezo wa 3DS unaoitwa Resident Evil: The Mercenaries 3D. Ulikuwa na nafasi moja ya kuhifadhi, na hakukuwa njia yoyote ya kuifuta. Siyo butoni tatu, siyo menyu, hapana. Ukifungua silaha zote, zinabaki wazi milele, na mtu atakayenunua kaseti yako anakuta kazi yote imekwisha fanywa. Wachezaji wa Amerika na Ulaya walipiga kelele, wakisema ni mbinu ya kuua soko la okazioni, ili kila mtu anunue mpya. Capcom ilijibu kwamba hilo halikuwa kusudi lake. Kaseti zilibaki vile.

Sisi tunaoishi na okazioni tunaelewa kesi hiyo bila kuelezwa. Vifaa vingi vya elektroniki vya namna hii vinabeba tantale, chuma inayotoka ku koltani, na watu wa Rubaya wanajua inatoka udongo gani. Inaondoka kama mchanga mu magunia, inarudi ikiwa mashini iliyokwaruzwa yenye jina la mtoto wa Ubelgiji ndani.

Kwa hiyo ukinunua, ujue unachonunua. Kwa Game Boy, DS na kaseti mingi za 3DS, mchezo uliohifadhiwa unakaa mu kaseti: unanunua na safari ya mwenyewe wa zamani, na unaweza kuifuta. Kwa Nintendo Switch ni kinyume. Kadi yake ndogo haina safari ya mtu. Yote inahifadhiwa mu mashini. Kadi ya okazioni inakuja safi, lakini mashini ya okazioni inakuja na mtu mzima ndani yake: akaunti yake, picha alizopiga, pengine namba ya siri aliyowawekea watoto wake. Muulize muuzaji arudishe mashini ku hali ya kiwandani mbele yako, mbele ya kutoa pesa. Ikiwa namba ya siri inaombwa na yeye haijui, acha. Na ukiuza wewe, fanya vile vile, juu majina na picha za watoto wako hazina kazi mu nyumba ya mtu usiyemjua.

Kwa Switch kuko habari nyingine nzuri: mara mingi haulazimiki kufuta ili kuanza upya. Unafungua mtumiaji mwingine, dakika mbili, bila pesa, na mu michezo mingi kila mtumiaji iko na nafasi yake. Épée na Bouclier za mwaka 2019 ziko hivyo. Animal Crossing haiko hivyo, tumeisha kusema. Ukitaka kufuta kweli, ni ku mipangilio ya mashini, mahali pa kusimamia data, siyo ndani ya mchezo.

Ku telefone, na batri inayokufa peke yake

Kwa wenye kucheza ku telefone za Android, hatari iko mahali pengine. Telefone ikijaa, mtu anaingia mu mipangilio ya programu na kukuta butoni mbili karibu karibu: "Vider le cache" na "Effacer les données". Ya kwanza inatupa vitu vya muda tu, mchezo wako haupotei. Ya pili inafuta safari yote, sawa na butoni tatu za Game Boy, na uulizwaji wake ni mfupi. Michezo fulani inaweka nakala ku akaunti yako ya intaneti na itairudisha. Mingine haina nakala popote. Mtu wa kukusafishia telefone ku kiosko, mwambie mbele.

Mwisho, kufutwa bila mkono wa mtu. Ile batri ya duara ndani ya kaseti haiishi milele. Kaseti za Or na Argent zinachoka haraka zaidi kuliko Rouge na Bleu, juu batri yao inalisha pia saa ya ndani, inayojua kama ni mchana au usiku. Ikikufa, unacheza vizuri, unahifadhi vizuri, unazima. Kesho hakuna kitu. Fundi anaweza kuweka batri mpya kwa chuma cha kuchomelea, lakini wakati anatoa ya zamani kumbukumbu inakosa umeme na yote inapotea, isipokuwa alinakili kwanza mchezo ku ordinateri kwa kifaa maalumu. Muulize kama anacho. Kaseti za Rubis na Saphir zinatoa tangazo ku ekrani kwamba batri imekwisha, na watu wengi wanashtuka wakidhani safari yao imekufa. Hapana. Kwao safari imeandikwa mu kumbukumbu isiyohitaji batri. Saa ndiyo iliyosimama, na kitu kinachokosekana ni matunda shambani, ambayo hayaoti tena.